Mama Yangu Mlizazeze

Kijiwe chetu cha Mandewa ni nguzo moja ya umeme iliyostaafu, imelazwa juu ya matofali ubavuni mwa saluni iliyofungwa. Mbele yake kuna jiko la Peniel muuza kahawa, ambaye hulihamisha kila upepo wa Singida unapogeuka, na upepo wa Singida hugeuka kuliko mgombea udiwani. Wenye kijiwe ni watatu. Yupo Wakili, ambaye sheria yake yote aliipata siku alipoitwa kutoa ushahidi wa mpaka wa shamba kule Mungaa. Yupo Askofu, jina lake Zefania, aliyepewa cheo hicho na kijiwe baada ya kanisa kukataa kumpa hata kikapu cha sadaka. Na yupo Alizeti, kijana anayetembeza mafuta ya alizeti kwa baiskeli na habari za watu kwa mdomo. Hawa ndio walioufukuza wimbo nyumbani kwetu. Jumamosi ile niliwafuata nimejifunga khanga kiunoni.

— Shikamooni, nikasema, maana hasira ni hasira na adabu ni adabu.

— Marahaba, Dibeti, akajibu Wakili. Ndivyo wanavyoniita tangu nianze kushindana midahalo chuoni Dodoma. Chuo kimefungwa au umefungiwa? akaniuliza.

— Nimekuja na swali. Nani kati yenu alianza kusema mama yangu katukanwa?

Wote watatu wakachungulia vikombe vyao kama vile jibu limezama humo.

— Kaa kwanza, mwanangu, akasema Askofu. Peniel, mpe kahawa. Wahenga walisema, haba na haba hujaza kibaba.

— Hiyo inahusiana na nini?

— Inahusiana na kukaa.

Sikukaa.

Mambo yenyewe yalikuwa hivi. Kwenye sendofu ya kumuaga dada yangu Jesca kabla ya harusi umeme ulikatika, spika za DJ zikafa, watu wakaanza kutafuta viatu chini ya meza. Mama akasimama akaimba wimbo wa kupeta uwele, ule alioachiwa na bibi yetu wa Ilongero. Mzee Simeoni, baba wa bwana harusi, alikuwa amekuja na zeze lake kutoka Itigi. Akaanza kumfuata mama kwa zeze, taratibu, ukumbi mzima kimya. Ghafla katikati ya wimbo akaondoa upinde kwenye nyuzi, akalilaza zeze mapajani, akasema kwa sauti hata wa mlangoni wakasikia: "Huyu ni mlizazeze." Halafu akainuka, akatoka nje, asirudi mpaka masufuria yakawa yanaoshwa.

Tangu siku hiyo mama hajaimba. Mama yangu, Ritha, anayeimba akichota maji, akichambua mboga, akimfokea kuku! Sasa nyumba imekuwa kama ofisi ya kata. Harusi ni Jumamosi ijayo huko Itigi, na dada aliomba kitu kimoja tu, mama amwimbie ukumbini. Mama anasema atakwenda, atakaa alipoelekezwa, atapiga makofi na kurudi. Kuuliza haulizi. Utamuulizaje mkwe, "Samahani, ulinitukana?" Na dada amerudi kazini Manyoni, mama kanikataza kumwambia, eti mtoto asibebeshwe maneno ya wazazi.

— Mimi sikusema katukanwa, akaanza Alizeti. Mimi nilisema tu kwamba mlizazeze ni mtu anayeharibu sherehe. Angalia: kuliza ni kutoa machozi. Zeze ni furaha. Mtu anayeitoa furaha machozi unamwitaje?

— Namwita mwimbaji mzuri, nikasema. Kaka Alizeti, zeze likipigwa tunasema linalia. Ngoma inalia, simu inalia, hata honi ya bodaboda inalia. Wewe simu yako ikilia unaipelekea leso?

Peniel akacheka peke yake. Alizeti akasogea nyuma ya kikombe.

— Hoja ya pili, nikaendelea. Anayepiga zeze anaitwa mpiga zeze. Kama mzee alitaka kusema upigaji angesema upigaji. Kachagua kuliza. Kalichagua neno kubwa, la kishairi, la kusemwa mara moja kwenye ukumbi uliotulia. Watu hawatukani kwa maneno ya namna hiyo. Watu wakitaka kutukana wanatumia maneno mafupi.

— Mheshimiwa Spika, akasema Wakili, naomba mwongozo.

— Hakuna spika hapa.

— Basi najipa mwenyewe. Binti, kisheria, zeze ni mali. Mali ya mtu ukiiliza umeiharibu. Mzee Simeoni alipotamka lile neno alikuwa anafungua madai mbele ya mashahidi. Mimi ningekuwa baba yako ningejiandaa. Wale watu wa Itigi watakuja kusema ng'ombe mmoja wa mahari arudi.

— Arudi kwa sababu mama kaimba?

— Asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Ndiyo maana zeze lina mguu mmoja.

— Zeze halina mguu, Mzee Wakili. Lina mpini.

— Unaona? Lilikwishavunjika.

Askofu akanyanyua kidole, na Askofu akinyanyua kidole ujue tumeingia Agano la Kale.

— Ninyi mnababaika. Wana wa Israeli walipochukuliwa mateka, vinubi vyao walivifanyaje? Walivitundika kwenye miti. Mzee Simeoni alikosa mti ukumbini, akalilaza zeze mapajani. Ni ishara. Mlizazeze ni yule anayepeleka watu utumwani.

— Dada anakwenda Itigi, nikasema. Anakwenda kwa basi, kwa hiari yake, na amenunua godoro.

— Hata Babeli kulikuwa na magodoro.

— Na mvua je? Alizeti akarukia, maana alishaona wenzake wanampita. Mmeona tangu siku ile imenyesha? Wingu linakuja mpaka juu ya Mandewa, linachungulia kwa mama Jesca, linarudi. Juzi nimepita kwenye shamba la alizeti njia ya Ilongero. Maua yote yameinamisha kichwa.

— Alizeti iliyokomaa huinamisha kichwa! Unauza mafuta yake, hujui?

— Mimi nauza mafuta. Sichunguzi tabia za maua.

— Neno hili nimelichambua mpaka chini, akasema Wakili akishusha sauti, nikajua sasa ndiyo tunapotea kabisa. Zeze la mzee lina nyuzi mbili. Uzi mmoja mume, wa pili mke. Sasa anayeziliza hizo nyuzi ni nani? Mama wa mke! Mzee kamsoma mama yako usoni kwamba atakwenda kuhamia kwa binti yake, akae mpaka uzi mmoja ukatike. Yaani lile neno ni onyo. Mchuma janga hula na wa kwao.

— Na hayo ndiyo mliyomwambia Anastasia?

Anastasia ni mwanakwaya mwenzake mama, na mtaa wetu ukitaka barua ifike haraka unampa yeye.

— Tulikuwa tunawaza kwa sauti, akasema Askofu.

— Mliwaza kwa sauti, yeye akasikia kwa sauti, akaja kumwambia mama akiwa ameshika ungo. Mama aliweka ungo chini. Mnaelewa? Hajapeta chochote tangu siku hiyo, maana hajui kupeta bila kuimba. Mnakaa hapa mnakunywa kahawa, mnachukua neno la mtu, mnalinyonyoa kama kuku, halafu mnashangaa haliruki!

Nilikuwa nimepandisha sauti. Mwanamke aliyekuwa akipita na ndoo akapunguza mwendo asikie vizuri. Wakili akaweka kikombe chake chini, na kwa mara ya kwanza hakutania.

— Sawa, binti. Tumekosea kusema. Lakini nijibu moja tu, wewe uliyesoma. Kama ni sifa, kwa nini alitoka? Mtu anamsifu mtu, halafu anamgeuzia mgongo, anaacha hata pilau? Nijibu hilo, na mimi mwenyewe nitakwenda kwa Ritha nikapige magoti.

Nimeshinda midahalo ya vyuo mimi. Nimewahi kutetea hoja nisiyoiamini mpaka nikaanza kuiamini. Lakini hilo la kutoka nilikuwa nimeligeuza kitandani usiku baada ya usiku, na kila nikiligeuza lilikuwa na mgongo tu, halina uso. Ndilo lililomuumiza mama kuliko neno lenyewe. Nikakaa. Peniel akanipa kahawa bila kuulizwa.

— Mbukwenyi! ikasema sauti nyuma yetu.

Alikuwa bibi mmoja mnene mwenye kitenge kipya, kikapu mkononi, na vumbi la safari mpaka kwenye nyusi. Salamu ilikuwa ya Kigogo. Alizeti akaitikia mbukwa kwa woga, sisi wengine tukasema shikamoo.

— Marahaba wanangu. Nimetoka Itigi, mimi ni Eliza, mke wa Simeoni mpiga zeze. Namtafuta mama Jesca.

Nguzo nzima ilitikisika. Wakili akanong'ona, "Wamefuata ng'ombe." Askofu akavua kofia. Mimi nikasimama, kahawa ikanimwagikia vidoleni. Na bibi huyu hatukuwahi kuonana. Siku ya sendofu tuliambiwa mguu wake umevimba.

— Mimi ni mwanawe, nikasema. Rahel, mdogo wake Jesca.

— Ewe! Basi nimefika. Akanishika mkono akaung'ang'ania. Mwanangu, nimekuja mjini kutafuta vitambaa vya sare, lakini mzee kanituma neno, na neno la wakwe halipigiwi simu, linapelekwa kwa miguu. Siku ya harusi mama ataimba kabla ya chakula au baada?

Nilimtazama Wakili, naye akamtazama Askofu, Askofu akamtazama Alizeti, Alizeti akatazama baiskeli yake.

— Mbona mmeganda? Ni swali la kawaida. Mzee anataka kujua apangiwe kiti karibu na mlango.

— Karibu na mlango kwa nini, bibi? nikauliza.

— Apate pa kutokea! Safari ile alikuwa katikati ya ukumbi, akakanyaga watu miguu mpaka afike nje. Alirudi nyumbani macho mekundu kama mtu aliyepuliza moto wa kuni mbichi. Mlitaka alie humo ndani? Baba wa bwana harusi, kavaa koti, machozi yamchuruzike mbele ya wazazi wa binti? Kwetu mkwe akilia mbele ya wakwe ni kesi. Lazima waulizwe wamemkosea nini. Akaona bora atoke, mtu asije akadhani kuna ubaya.

Peniel akaguna. Sijui kama alikuwa anakohoa.

— Na lile neno, bibi? Mlizazeze?

— Nalo limefika mpaka hapa kijiweni? Bibi Eliza akakaa kwenye nguzo, Alizeti akampisha haraka. Zeze hulia kwa mkono wa mpigaji, sivyo? Sasa akitokea mwimbaji, mpigaji akasahau kama ana mkono, zeze likawa linamfuata yule mwimbaji lenyewe kama ndama, huyo ndiye mlizazeze. Mimi nimemwimbia yule mzee tangu nikiwa msichana. Ameniita majina mengi, mengine siwezi kuyasema mbele ya huyu baba mwenye kofia. Hilo hajaniita hata siku moja. Nilinuna siku mbili.

Nikacheka. Nikatafuta simu, vidole vinateleza kwa kahawa, nikampigia mama nikaweka spika.

— Mama, niko na mama mkwe wa Jesca. Mzee Simeoni alitoka nje kulia.

— Kulia? sauti ya mama ikasema. Nani kafa?

— Hakuna aliyekufa, mzazi mwenzangu! Bibi Eliza akapaza sauti, kana kwamba simu ni bonde. Ulimliza wewe! Tangu arudi analishika zeze, analipiga kidogo, analiweka, anasema halimtaki yeye, linamtaka mwenyewe, yaani wewe. Nimechoka naye!

Simuni tulisikia jogoo wa kwetu, tukasikia mlango, tukasikia kitu kama punje za uwele zikimwagwa kwenye ungo. Halafu mama akakohoa kusafisha koo. Sauti ilianza chini, ya kujaribu, kama mtu anayeingia chumba alichokifunga muda mrefu. Ikakwama. Ikaanza tena. Safari hii ikapanda, na ungo ukawa unaitikia, shaa, shaa, shaa, kupitia kile kispika kibovu cha simu yangu, hapo hapo kijiweni, na yule mwanamke wa ndoo akaitua ndoo yake chini.

Bibi Eliza alisikiliza ameinamisha kichwa. Kisha akainuka, hakuaga, akatugeuzia mgongo na kutokomea nyuma ya saluni.

Wakili akafungua mdomo. Peniel akampa kikombe. Wakili akafunga mdomo.

Wimbo ulipofika mwisho, kutoka nyuma ya ukuta ikaja sauti ya bibi, nzito, puani:

— Mama Jesca! Sijajibiwa! Kabla ya chakula au baada?

— Baada, akasema mama kwenye simu. Mzee ale kwanza.