Bi Habibo na Rafu Iliyokataa Kusagwa

Watu wawili ndio waliookoa vitabu vya Kihispania katika jiji zima la Birmingham. Wa kwanza ni mimi, Mjomba Cleopas, dereva wa maktaba yetu hapa Hockley. Wa pili ni Bi Habibo Yarrow, anayestaafu tarehe 31 Julai baada ya miaka ishirini na sita ya kazi. Lakini leo ni siku yake, kwa hiyo nitajikaza nimtangulize.

Bi Habibo alikulia Garissa, akaishi Zaragoza kule Uhispania, ndoa ikamleta huku. Alipoanza kazi alikuta vitabu vya Wahispania waliokimbia vita vya kwao vimepangwa upande wa Amerika, eti kwa sababu vilichapwa Mexico. Akavibeba, akavipanga pamoja na vya wenzao waliobaki nyumbani. Meneja wetu, Ronald, akavirudisha. Akavibeba tena. Mchezo ukaendelea hadi mgongo wa Ronald ukasalimu amri.

Ni Bi Habibo aliyetueleza, chai mkononi, kwamba miaka ya arobaini serikali ya Uhispania iliajiri watu wa kukata maneno vitabuni. Waandishi wakaandika habari za jiko baridi na supu nyepesi. Mkataji akaona jiko tu. Msomaji akaona njaa ya nchi nzima. Kufika miaka ya sitini vijana walichoka kunong'ona, wakatoa sentensi ndefu kuliko foleni ya Aston siku ya mechi.

Mwaka juzi Ronald, ambaye Kihispania chake huishia kwenye kuagiza kahawa, alitangaza kuwa rafu ile haina wasomaji, vitabu vikasagwe viwe karatasi mpya. Bi Habibo hakubembeleza.

"Njoo Jumamosi uwaone," alimwambia. Kisha akatugeukia: "Na nyinyi mje, msiniaibishe!"

Alishatufundisha kwamba a, e, i, o, u za Kihispania ni zile zile zetu, hivyo Mswahili hutamka bila kuteleza. Jumamosi ilipofika akasoma nesi Roselyne, wakasoma wanafunzi wa Selly Oak. Ilipofika zamu yangu nilisoma kwa sauti ya kuezua paa, machozi yakinitiririka, hata Ronald akavua miwani. Rafu ikabaki. Atakayeigusa baada ya Julai atanikuta mimi mlangoni.

Bi Habibo, asante sana. Mungu akuzidishie afya, na wajukuu wakikujibu, wakujibu kwa Kiswahili.

Na kabla hajalitaja yeye wakati wa keki, wacha niseme mwenyewe: ukurasa ule ulioniliza ulikuwa anwani ya kiwanda cha uchapaji. Bi Habibo alijua. Aliinamisha kichwa tu, akanipa kitambaa.