Bi Saa-Ngapi, Aliyeruhusiwa Saa Tatu Asubuhi

Ndugu, jamaa, majirani na wote mlioacha shughuli zenu mkaja kusimama nasi, mliopata viti na mlioko juani, familia imempa mdogo wake marehemu, yule fundi bomba mnayemjua, kazi ya kuwasomea maisha ya dada yake, naye anaomba mmvumilie, kwa kuwa mkono uliozoea spana haujui kushika karatasi, na kwa kuwa iko sehemu moja huko mbele ambayo watu wa heshima wamemwomba asiisome.

Marehemu alizaliwa Ijumaa tarehe 3 Machi 1961, saa kumi na moja alfajiri, katika nyumba ya tatu kutoka pampu ya maji, mtaa wa nyuma ya reli, akiwa wa kwanza kati ya watoto watatu, ambao wa pili wao alifariki akiwa na miezi saba bila mtu yeyote kuandika popote, si siku wala sababu, na mama yao kila alipoulizwa alijibu tu kwamba ulikuwa wakati wa mvua, jibu ambalo marehemu hakulimeza mpaka uzeeni, kwani alikuwa akisema mtu aliyepita duniani, hata kama ni miezi saba, anastahili walau tarehe.

Alianza darasa la kwanza Januari 1968 katika shule ya msingi iliyo ng'ambo ya reli, akamaliza mwaka 1974, akaingia sekondari ya wasichana ya bweni hadi 1978, kisha chuo cha uuguzi kuanzia Septemba 1979, akahitimu tarehe 26 Novemba 1982, na mdogo wake anakumbuka likizo moja alipougua homa, dada akawa anampima kila baada ya saa nne na kuandika joto na saa ukutani kwa mkaa, mpaka mama akawaka, "Hebu niambieni, huu ni ukuta wangu au daftari la hospitali?" na homa ikaisha siku nyingi kabla ya ukuta kupakwa chokaa.

Januari 1983 aliajiriwa kuwa muuguzi katika wodi ya wanawake, akadumu humo miaka kumi na sita, na ndiko alikopata jina la Bi Saa-Ngapi, maana ukimwendea mbio kumwambia mgonjwa ameanguka, alikuwa tayari anakwenda kumwinua huku akiuliza saa ngapi, na ukisema "sasa hivi tu" alikutazama mpaka ukaitafuta saa mwenyewe. Juni 1999 alichukuliwa na ofisi ya serikali inayokagua ubora wa huduma za afya, ghorofa ya pili, chumba cha meza tatu na makabati ya chuma, dirisha lake likitazama ukuta wa jengo la jirani, ambako kila mwezi hospitali zote zilileta fomu zikieleza wangapi walianguka vitandani, wangapi walitokwa na vidonda kwa kulazwa bila kugeuzwa, wangapi walipewa dawa isiyo yao na wangapi walifia wodini, nayo ofisi ikazisoma, ikatoa alama, kijani, njano au nyekundu. Fomu yenyewe, ile inayotumika hata leo, aliichora yeye kwa mkono wake mwaka 2004, akaipenda kama mtu anavyopenda nguo aliyoishona, na mumewe alikuwa akimtania kwamba siku nyumba ikiungua ataokoa fomu kwanza, watoto watajijua.

Mwezi Mei 2016, na haya familia imeyajua juzi tu, kwa sababu marehemu alikula kiapo cha utumishi na kiapo kwake hakikuwa mchezo, wodi ya wanawake ya ghorofa ya tatu, katika hospitali kubwa ile yenye jengo jeupe na bustani mbele, ilileta sifuri ya vifo kwa mwezi wa kumi na moja mfululizo, wenzake wakapiga makofi, yeye akavaa viatu vyake vya kutembelea. Alikaa huko siku tatu akisoma daftari la wodi mstari kwa mstari, akakuta wanawake arobaini na mmoja walioandikwa "ameruhusiwa, ana nafuu", wote saa tatu asubuhi, hakuna wa saa mbili wala wa saa tano, kisha akateremka hadi chumba cha maiti, kwa mhudumu mmoja mzee asiye na maneno mengi, ambaye naye alikuwa na daftari lake, na humo akawakuta wote arobaini na mmoja, kila mmoja amepokelewa siku ileile aliyoruhusiwa, kabla ya jua kuzama, ameandikwa "ameletwa kutoka nyumbani akiwa amefariki". Alipomuuliza mzee yule waliletwa na gari gani, mzee alisema, "Gari gani, mama? Wanashuka na lifti, wamefunikwa shuka za wodi, mimi naambiwa niandike nyumbani, naandika nyumbani."

Tarehe 9 Juni 2016 aliandika taarifa ya kurasa kumi na nne, na katika ukurasa wa mwisho alijitaja na yeye, kwamba fomu aliyoichora ilihesabu wanaofia wodini lakini haikuuliza anayeruhusiwa anakwenda wapi wala anafika vipi, kwamba tuliwafundisha watu kuogopa namba, nao wakajifunza kumficha mgonjwa. Mkuu wake wa kazi aliisoma akiwa amesimama, akaifunga, akamwambia kwa upole, "Mama, alama ya kijani imeshatangazwa, cheti kimeshatundikwa, sasa unataka twende tukakishushe na ngazi? Funika kombe mwanaharamu apite," na wiki hiyohiyo marehemu akahamishiwa masjala, chini kabisa kwenye jengo, kwenye mafaili ya watumishi waliokwisha kustaafu, alikokaa hadi alipostaafu mwenyewe tarehe 3 Machi 2021. Barua tatu alizoandika ngazi za juu zilirudi zikiwa na muhuri wa "imeonekana", na nyumbani kila siku alisema kazi inakwenda vizuri. Nakala ya taarifa hiyo ililetwa hapa msibani juzi na aliyekuwa dereva wa ofisi yao, ikiwa chini ya mafungu ya mchicha kwenye kikapu, naye hakukaa hata kunywa maji.

Tarehe 14 Desemba 1985, siku ya Jumamosi, marehemu alifunga ndoa na fundi wa kuchomea vyuma, mtu wa vicheko, ambaye alisema mbele ya wageni kwamba katika nyumba ile hata ugomvi utakuwa na tarehe na saa, na ikawa kweli, maana mke wake alikuwa akimkumbusha kosa la mwaka juzi kwa siku na majira yake mpaka mume akainua mikono. Waliishi kwa mapenzi hadi mume alipofariki tarehe 2 Agosti 2012, na walijaliwa watoto wawili, binti aliyezaliwa 1987, ambaye ni mwalimu wa shule ya msingi, na wa kiume aliyezaliwa 1991, ambaye ni dereva wa malori na alifika jana akiwa hajalala, pamoja na wajukuu wanne.

Ijumaa tarehe 3 Novemba 2023, saa moja asubuhi, marehemu alianguka jikoni akiwa ameshika sufuria, kiharusi kikachukua upande wote wa kulia na kikachukua maneno yote isipokuwa moja, nalo ni "hapana". Mdogo wake alifika na gari la jirani, na walipofika njia panda, ambapo kushoto kuna hospitali ndogo iliyokuwa karibu zaidi, ni yeye fundi bomba aliyesema twende kulia, kwenye jengo jeupe, kwa sababu ndilo lenye kijani. Marehemu alianza kusema "hapana" hapo njia panda, akaisema mpaka getini, akipiga kioo kwa kiganja cha kushoto, na mdogo wake akamshika bega, akamwambia, "Usiogope, dada, hapa ndipo wanapotibiwa wakubwa." Cheti kilikuwa ukutani pale pa mapokezi, kwenye fremu, kimefutwa vumbi. Akalazwa ghorofa ya tatu, wodi ya wanawake, kitanda namba tisa.

Siku saba za mwanzo alipata nafuu ya kweli, akaweza kukaa, akaweza kushika kijiko, kisha Jumamosi tarehe 11 Novemba chakula kilimpalia, kikaingia mapafuni, homa ikapanda, na daktari wa zamu, binti mmoja mwembamba aliyekuwa akila chakula chake amesimama, alipigana nayo siku mbili, na Jumatatu jioni alimwita mdogo wake pembeni, akafungua mdomo, akamwona msimamizi wa wodi akija, akafunga mdomo. Jumanne tarehe 14 Novemba daktari huyo hakuonekana wodini, tuliambiwa amehamishwa.

Asubuhi hiyo msimamizi wa wodi alikuja na tabasamu, akiwa na karatasi, akasema mgonjwa ameruhusiwa, ana nafuu, familia itie sahihi, nayo karatasi ilikuwa imechapwa saa tatu asubuhi ingawa saa ya ukutani ilikuwa haijafika hata mbili na nusu. Ndugu zangu, mdogo wake alifurahi. Alimpigia simu binti wa marehemu atandike kitanda, akacheka peke yake, akaona dada anainyooshea karatasi mkono wa kushoto, akampa aione habari njema. Marehemu aliisoma yote, toka juu mpaka chini, hakuharakisha, akatazama saa ya ukutani, kisha akamtazama mdogo wake kwa muda mrefu, na mdogo wake alidhani ni furaha imemzidi. Akaomba kalamu kwa vidole. Kwa mkono ule wa kushoto ambao haukuwahi kuandika, akapiga mstari juu ya "ana nafuu", akapiga mwingine juu ya "saa tatu", akasema "hapana" kwa sauti ambayo wodi nzima iliisikia. Msimamizi akasema amechafua, ndiyo kiharusi hicho, ataleta nyingine, na mdogo wake akamwomba radhi kwa niaba ya dada yake, karatasi safi ilipokuja akatia sahihi, ile iliyochafuliwa akaikunja akaitia mfukoni.

Baada ya sahihi dripu ilitolewa, jina likafutwa kwenye kibao cha kitanda kwa kitambaa chenye maji, tukaambiwa gari linakuja. Saa nne gari linakuja, saa sita gari linakuja, hakuna aliyepita kitanda namba tisa kumgeuza wala kumpima, wauguzi walipita cha nane wakaenda cha kumi, na saa saba pumzi ilipoanza kubadilika mdogo wake alikimbia hadi meza ya wauguzi, na aliyekuwa zamu akafungua daftari, akaangalia, akasema bila ubaya wowote, "Huyo si wetu tena, kaka, ameshatoka asubuhi." Aliomba, akapiga kelele, akaambiwa apunguze sauti kuna wagonjwa. Marehemu aliaga dunia akiwa ameushika mkono wa mdogo wake, akateremshwa kwa lifti na shuka ya wodi, na mzee wa chumba cha maiti, ambaye bado yuko kazini, au alikuwa bado yuko mpaka Alhamisi, maana tangu siku hiyo haonekani kazini wala kwake, ndiye aliyemwambia mdogo wake karatasi ile maana yake ni nini, na dada yake alikuwa nani katika jengo hilo.

Jana alasiri waungwana wawili walifika hapa msibani, wakatoa pole, wakaomba kuiona historia hii ili wasaidie kuiweka sawa, wakairudisha jioni imechapwa vizuri, aya nne hazimo, na mahali pa kifo pameandikwa "nyumbani kwake, akiwa amezungukwa na familia". Wako hapa leo, upande wa kulia, tunawashukuru kwa kuja. Mnayosomewa ni ile ya mkono. Familia inatamka kwamba marehemu amefariki Jumanne tarehe 14 Novemba 2023, saa nane na dakika ishirini mchana, ghorofa ya tatu, wodi ya wanawake, kitanda namba tisa, akiwa mgonjwa wao, mwenye umri wa miaka sitini na miwili, miezi minane na siku kumi na moja. Kama kuna mwenzetu hapa aliyetia sahihi ya saa tatu asubuhi na kumzika mtu wake siku ya pili, asiondoke baada ya maziko, tuzungumze.

Familia inamshukuru daktari aliyehamishwa, popote alipo, inawashukuru majirani kwa gari, maji na maturubai, inawashukuru wafanyakazi wenzake marehemu, waliokuja na walioogopa kuja, dereva wa ofisi, na mzee wa chumba cha maiti, ambaye anayejua aliko tunaomba amwambie mkewe, yuko hapa, amekaa na wanawake wa familia.

Dada, wewe ulikataa kwa neno moja na mkono mmoja, nami mwenye maneno yote na mikono miwili nikawaomba radhi, nikatia sahihi. Wewe lala salama. Mimi bado.