Mtu Aliyeogopa kwa Niaba Yetu: Miaka ya Shigeyoshi Numakura Klabuni Ikazuchi
Na Chizuru Aratani, Idara ya Mechi

Tarehe 31 Januari mwaka huu, Bwana Shigeyoshi Numakura, afisa usalama wa mechi wa klabu yetu ya Ikazuchi Morisawa, atarudisha ufunguo wa geti la kaskazini na kwenda nyumbani, baada ya utumishi wa karibu miaka arobaini na miwili. Ofisini hakuna mwingine aliyekaribia muda huo. Alikuja kijana wa miaka kumi na minane mwenye mguu mzuri wa kushoto. Anaondoka na goti bovu la kushoto. Mwenyewe anasema hesabu imelingana.

Waliojiunga nasi karibuni wanamjua kwa jina la Bwana Tahadhari. Ndiye anayetikisa kila kiti kabla mageti hayajafunguliwa. Ndiye anayewateremsha wapiga picha kutoka juu ya ngazi, na kuwanyang'anya watoto vijiti vya mishikaki wakianza kukimbia navyo mdomoni. Anaogopa theluji inapolala juu ya paa. Anaogopa upepo mkavu wa kipupwe unaoteremka mlima Akagi na kung'oa mabango. Lakini kuliko vyote anaogopa radi, na hapo ndipo utani wetu ulipoanzia, kwa maana jina la klabu hii, Ikazuchi, maana yake ni radi, na kifuani tumeshona radi ya manjano. Kwa miaka mingi ilisemwa ofisini kwamba Numakura anaogopa hata shati lake la kazi.

Niliagizwa niandike wasifu mfupi wa kuchangamsha sherehe. Nilipomweleza hivyo, aliweka kikombe chake cha chai chini.

"Aratani, ukiandika, andika na ile ya Agosti," alisema. "Usiponitia doa, watu watadhani unamwandika mtu mwingine."

Basi nitaandika yote.

Alipoajiriwa mwaka 1983, hatukuwa klabu bado. Tulikuwa timu ya kiwanda cha pampu za maji. Wachezaji walipiga kazi hadi jioni, wakanawa mafuta mikononi, wakaenda uwanjani. Numakura alikuwa beki wa kushoto. Mbele yake alicheza winga mmoja, Isao Kaneshige, fundi wa kuchomelea, mwenye kasi na mdomo usiopumzika.

"Pasi zako, Numakura, ni kama barua za serikali," alikuwa akimwambia. "Zinafika, lakini shida imeshaisha."

Siku moja ya Julai walikuwa mazoezini. Juu ya vichwa vyao anga lilikuwa la buluu. Mbali, juu ya Akagi, wingu jeusi lilikuwa limesimama, kama linavyosimama kila kiangazi katika sehemu zetu, na ngurumo moja ikasikika, ndogo, kama mtu anayesukuma kabati chumba cha pili. Wachezaji walimtazama kocha.

"Iko huko mlimani hiyo," kocha alisema. "Endeleeni."

Kaneshige alikimbia pembeni kuchukua mpira wa kurusha. Aliuinua juu ya kichwa, akamwita Numakura kwa jina. Halafu kila kitu kikawa cheupe.

Numakura alijikuta amekaa kwenye nyasi, masikio yanavuma, pua imejaa harufu ya nywele zilizoungua. Kaneshige alikuwa amelala kifudifudi na kiatu kimoja kimemtoka. Nyasi hazikuungua. Anga lilikuwa bado la buluu. Numakura alimgeuza, akamwita, akamfuta udongo usoni, na gari la kiwanda lilipofika hapakuwa na wa kupelekwa hospitali.

Kisa hiki amenisimulia mara moja tu, mchana mmoja wa kazi, tambi zikimlowea kwenye bakuli hadi zikavimba. "Anga lingekuwa jeusi ningeelewa," aliniambia. "Ni ule ubuluu, Aratani. Tangu siku ile anga zuri halinidanganyi."

Goti lilimtoa uwanjani miaka michache baadaye, lakini hakutaka kurudi kwenye mashine. Akawa mtu wa nyasi, mtu wa mageti, mtu wa ulinzi. Kila kazi iliyokosa mwenyewe ilimwangukia. Ligi ya kulipwa ilipoanza na nchi nzima ikapagawa na mpira, kiwanda nacho kilivaa suti na kutangaza klabu. Kisha nyakati zikabadilika. Mwaka 1999 wakubwa wa kiwanda walituita ukumbini na kutwambia kwamba hawawezi tena kutugharimia.

Ule ulikuwa mwaka wa hofu ya namna nyingine. Uvumi ulisema tutaunganishwa na timu ya mkoa jirani, yaani tumezwe, jina na nembo vizikwe. Kila asubuhi tulikuja kazini bila kujua kama kufuli lingekuwa lile lile. Numakura alisimama kituo cha treni kipupwe kizima, upepo ukimchapa, akiwaomba abiria saini zao. Pembeni yake alisimama Bi Yasue Hachisuka, mkulima wa vitunguu majani na mpiga ngoma kubwa ya mashabiki wa jukwaa la kaskazini. Yeye alikuwa na sauti, Numakura alikuwa na kuinama kwa heshima. Mji ulituchukua. Tukawa klabu ya wananchi, maskini lakini hai, na wale wawili wakawa marafiki wa kupelekeana vitunguu.

Urafiki huo ulivunjika mwaka 2013.

Tulikuwa daraja la pili, tukinusa kupanda kwa mara ya kwanza katika historia yetu. Vinara wa ligi walikuja Morisawa jioni moja ya mwisho wa Agosti, jukwaa limefurika, na tulikuwa tunaongoza mbili bila. Katikati ya kipindi cha pili Numakura akasikia ngurumo. Hakuna mwingine aliyeisikia. Alimwendea kamishna wa mechi, mpira ukasimamishwa, watu wakasukumwa kwenye ujia wa chini ya jukwaa. Tulikaa humo zaidi ya saa nzima, watoto wakilia, jasho likinuka. Mvua haikunyesha. Umeme haukumulika hata mara moja. Tulipotoka, nyota zilikuwa zimejaa juu. Miguu ya vijana wetu ilikuwa imepoa; walifungwa tatu mfululizo. Msimu ulipokwisha tulikuwa tumekosa kupanda kwa alama moja.

Mji haukusahau alama ile. Dukani watu walimwigizia ngurumo kwa mdomo akipita. Mkewe alibadilisha soko. Na kwenye ukingo wa jukwaa la kaskazini likatundikwa bango jeupe, kwa mwandiko tulioujua wote wa Bi Hachisuka: NUMAKURA, RADI IKO WAPI? Lilitundikwa kila mechi, likavuka msimu, likavuka mwingine.

"Habari za jioni, Bwana Numakura," Bi Hachisuka alikuwa akimwambia getini huku ngoma iko begani. "Radi yako leo imekosa treni gani?"

"Bado haijaja," Numakura alijibu, akiinama.

Alisimamisha mechi mara mbili nyingine, na mara zote mbili hapakutokea kitu. Mwenyekiti wa wakati huo, marehemu Bwana Okonogi, alimwita mbele yetu sote. "Sisi ni klabu ya mpira," alisema, "si kituo cha hali ya hewa." Ofisi nzima ilicheka. Wahenga walisema kwa mwoga huenda kicheko na kwa shujaa huenda kilio. Hawakusema kicheko hicho humfanya nini mwoga mwenyewe, akikisikia kila Jumamosi.

Sasa ile Agosti, ya mwaka 2016.

Mechi ilikuwa ya kawaida, bila bila, jioni ya joto zito linalonata. Nilisimama naye kwenye mdomo wa njia ya wachezaji. Kipindi cha pili kilikuwa kimekwenda mbali niliposikia, kutoka upande wa Akagi, kitu kama kabati linasukumwa. Nilimgeukia. Uso wake ulikuwa umekauka kama karatasi. Redio ya mkononi ilikuwa mbele ya midomo yake, kidole gumba juu ya kitufe. Hakubonyeza.

"Bwana Numakura, umesikia?"

"Nimesikia."

"Basi?"

"Huenda ni lori," alisema.

Mtu huyu, ambaye aliwahi kutushusha jukwaani kwa sababu ya mlio wa tumbo la anga, alikuwa ananiambia lori. Nilifuata macho yake. Hayakuwa mlimani. Yalikuwa ng'ambo ya uwanja, kwenye lile bango jeupe.

Ngurumo ya pili ilikuja, ndefu kuliko ya kwanza. Redio ikawa inagonga meno yake. Sikujua anaogopa kipi, mbingu au watu, na nadhani yeye mwenyewe hakujua. Ningeweza kumpokonya redio. Miguu yangu haikusogea. Uwanjani wachezaji walikuwa wanakimbia, wamevaa radi za manjano vifuani, na juu yao palikuwa na kipande cha anga kizuri kabisa, chenye rangi ya pichi.

Hapo ngoma ikanyamaza.

Asiyekuja uwanjani kwetu hatanielewa. Ngoma ya Bi Hachisuka hainyamazi mpira ukichezwa. Haikunyamaza tulipofungwa sita. Sasa alikuwa amesimama na fimbo zimening'inia mikononi, ametazama mlimani. Kisha akageuka, akatutazama sisi, kutoka umbali wote ule. Akaweka fimbo chini na kuchukua kipaza sauti.

"Shusheni bendera," tulimsikia. "Milingoti yote chini. Watoto mbele, twende ndani."

"Mama, mpira unaendelea," kijana mmoja alimlalamikia.

"Mpira una miguu yake. Wewe shuka."

Jukwaa la kaskazini lilianza kumiminika kwenye ngazi. Ni kuwaona wakishuka ndiko kulikomrudishia Numakura sauti yake. Alibonyeza. "Simamisha," alisema, halafu kwa nguvu, "simamisha mechi, sasa hivi, majukwaa yote." Filimbi ililia. Wachezaji walitupita mbio, wengine wameshika vichwa.

Wa mwisho wao alikuwa ndio kwanza anaingia chini ya paa wakati dunia ilipopasuka.

Sina neno jingine. Haukuwa mlio, ulikuwa pigo la kifuani. Reli ya chuma ya jukwaa la kaskazini iling'aa buluu kutoka mwisho hadi mwisho, taa zote za uwanja zikafa pamoja, na katika giza lile kulikuwa na ukimya ambao sitaki kuusikia tena. Kisha mtoto akaanza kulia, na nikashukuru kwa kilio kile, maana aliyelia alikuwa hai.

Numakura alikuwa ameshatoka mbio, goti bovu na yote, akizunguka kuelekea kaskazini kwa njia ya chini. Nilimfuata. Kwenye ujia watu walikuwa wamejibana ukutani, wengine wamekumbatiana na wasiowajua. Alipita katikati yao akiuliza, "Nani hayupo? Angalia wa pembeni yako. Nani hayupo?" Aliuliza hadi sauti ikakwaruza. Mzee mmoja alikuwa ameanguka ngazini na kuvunjika kifundo cha mkono. Wengine wote walikuwepo. Juu, pale Bi Hachisuka anaposimama, ngozi ya ngoma ilikuwa imepasuka na pete yake ya chuma imekuwa nyeusi.

Nilikuwepo walipokutana. Bi Hachisuka alikuwa amekaa kwenye ngazi ya chini, mikono ameibana katikati ya magoti. Numakura aliinama mbele yake, na hakuinuka.

"Nilisikia kabla yako," alisema. "Nikanyamaza."

"Kwa nini?"

"Niliogopa bango lako."

Watu walikuwa wanapita, wakiwasha simu kumulika njia.

"Kesho asubuhi namwendea mwenyekiti," Numakura aliendelea. "Kazi hii si yangu tena."

"Inuka kwanza, utavunja mgongo," alimwambia. "Sikiliza. Miaka yote hii nakucheka, na miaka yote hii, wingu likisimama juu ya Akagi, sikio langu moja liko huko. Napiga ngoma huku nasikiliza. Sikuwa hivyo zamani. Wewe ndiye uliyeniambukiza. Sasa ukiondoka, nani ataniambia kama naogopa sawasawa?"

Asubuhi Numakura alikwenda kwa mwenyekiti hata hivyo. Bwana Okonogi alimsikiliza hadi mwisho, akafungua dirisha, akasimama akitazama mlima. Kisha akamwambia arudi kazini. Bango halikutundikwa tena, na hakuna aliyeuliza limepelekwa wapi.

Mengine ni mepesi kusimulia. Mwaka 2018 tulipanda daraja la kwanza, tukashuka mwaka uliofuata, na kwa mwaka ule mmoja mji mzima ulitembea kifua mbele. Chini ya usimamizi wake majukwaa yetu yote yamepata vizuia radi na mahali pa kujihifadhi, na kila Julai vijana wa akademi hupelekwa kwenye kaburi la Isao Kaneshige kulifagia. Numakura huwaambia tu kwamba hapa amelala winga mwenye kasi kuliko wote aliowahi kumpa pasi.

Wiki iliyopita alimkabidhi kazi Bi Mika Totsuka. Mika ni jasiri, na alimwambia wazi kwamba bado akisikia ngurumo moyo humwenda mbio, lakini bila shaka atazoea.

"Siku utakayozoea," Numakura alimjibu, "nipigie simu. Nitarudi nishike zamu mimi."

Bwana Numakura, kwa niaba ya wafanyakazi, wachezaji na jukwaa lote la kaskazini, tunakushukuru kwa kila mechi uliyotukatizia. Nenda salama nyumbani kwa mkeo. Maisha yako ya mbele yawe mema na marefu, na ikinguruma huko Akagi, usiwe na watu wa kuhesabu tena. Funga dirisha lako tu.