Lumir Karudishwa Klabuni

MZEE HRUSKA: Haloo! Nani huyo anapiga wakati wa kukamua?

OPERETA: Simu kutoka Omaha, Mzee Hruska. Ni mwanao. Semeni upesi, laini inasubiriwa.

LUMIR: Shikamoo, Baba.

MZEE HRUSKA: Marahaba, Lumir! Mbona unasikika kama uko kisimani?

LUMIR: Ni laini, Baba. [Mkwaruzo.] Nilikuwa nataka—

BI BLAZEK: Laini imejaa majirani, ndiyo maana.

MZEE HRUSKA: Bi Blazek, weka simu yako chini.

BI BLAZEK: Nimeshaiweka.

MZEE HRUSKA: Laini moja nyumba sita, huwezi hata kupiga chafya kwa siri. Haya, sema. Klabu ya besiboli wamekurudisha?

LUMIR: Wamenirudisha. Si unajua sheria, aliyetoka vitani anarudishiwa kazi.

MZEE HRUSKA: Si nilisema! Ulirusha mechi nne tu jeshi likakuchukua, lakini mechi nne za kulipwa ni mechi! Basi Jumamosi tunakuja kukuona.

LUMIR: Mnakuja akina nani?

MZEE HRUSKA: Mimi. Padri. Na bendi.

LUMIR: Bendi?

BI BLAZEK: Na mimi. Maandazi ya kolachi nimeshayakandia unga.

MZEE HRUSKA: Bi Blazek, simu chini!

LUMIR: Baba, msije.

MZEE HRUSKA: Kwani Jumamosi hurushi? Basi Jumapili.

LUMIR: Jumapili pia—

MZEE HRUSKA: Wamekuweka benchi! Nani huyo? Nipe jina lake.

LUMIR: Hakuna aliyeniweka benchi. Kila mechi niko uwanjani.

MZEE HRUSKA: Uwanjani unafanya nini kama hurushi?

LUMIR: Nachana tiketi. Getini.

[Laini inakwaruza.]

MZEE HRUSKA: Hebu rudia.

LUMIR: Kule Italia sajenti aliuliza, nani hapa alikuwa mrushaji wa besiboli? Nikanyoosha mkono.

MZEE HRUSKA: Na wewe naye! Ukanyoosha wa nini?

LUMIR: Nilidhani kuna mechi. Kumbe ni mabomu ya mkono. Akasema mwenye fani kapatikana, wengine wapumzike. Nikawa narusha yangu na ya wenzangu. Lile bomu zito, Baba, si mpira. Siku moja bega likalia. Tangu hapo mkono haupandi kupita kifua.

MZEE HRUSKA: Ndiyo maana juzi ulipopita nyumbani ulikuwa unakula kwa kushoto. Nikajua ni mtindo wa jeshini.

LUMIR: Nilitaka kusema.

MZEE HRUSKA: Sasa mbona hukusema?

LUMIR: Nilishuka kwenye treni nikakuta bendi inapiga. Ningesemea wapi?

[Simu moja inawekwa chini. Nyingine. Nyingine tena.]

MZEE HRUSKA: Wanaondoka.

BI BLAZEK: Mimi bado. Pole, Lumir mwanangu. Sasa naondoka kweli.

[Simu inawekwa chini.]

MZEE HRUSKA: Haya, tumebaki wawili. Unaumwa?

LUMIR: Nikivaa shati. Baba, mimi nilikuwa najua kitu kimoja tu.

MZEE HRUSKA: Mimi pia najua kimoja, ng'ombe. Na bado wananipiga mateke.

OPERETA: Muda wenu umekwisha.

MZEE HRUSKA: Subiri kidogo, dada! Lumir, geti lipi?

LUMIR: Baba, nakuomba. Nitaona aibu mbele ya bendi nzima.

MZEE HRUSKA: Bendi haiji. Padri haji. Nakuja peke yangu. Geti lipi?

OPERETA: Mzee, nakata.

LUMIR: La mashariki! Lakini hutaona kitu, Baba, pale ukuta unaziba, mechi nzima huioni—

MZEE HRUSKA: Kwani nani kakwambia nakuja kuona mechi? Haya kwaheri, lifunike vizuri hilo be—

[Laini imekatika.]