Mkaguzi wa Pili na Benchi la Khala Jorina

Nje ya lango la chuo kikuu, mjini Rajshahi, kuna benchi lenye miguu mitatu na tofali moja. Hapo Khala Jorina, mama mdogo wa wote, huuza chai ya tangawizi, na upande wa tofali hukaa mhadhiri mmoja anayeitwa Profesa kwa kuwa mwaka wa kumi na moja huu ananyimwa uprofesa. Alasiri hiyo alishika barua, uso wake kama wa mtu aliyekuta nzi kikombeni baada ya kumaliza chai. Jarida la mawasiliano na uhusiano wa kimataifa lilikuwa limejibu, na wakaguzi wawili walioisoma makala yake walikuwa wametoa hukumu. Makala hiyo ilizishauri nchi zinazogombania maji ya mto zisikilizane kama watu wa benchi hili. Isipokubaliwa kufikia kesho adhuhuri, kamati ya vyeo ingempita tena, na kamati hiyo hukaa mara moja kila miaka miwili.

— Hebu soma tena, alisema Balozi, kinyozi aliyewahi kumnyoa konsuli na mpaka leo hajapona.

— "Mkaguzi wa kwanza: nzuri. Mkaguzi wa pili: sioni ushahidi kwamba mwandishi aliwahi kuwasikiliza watu anaowaandika. Ajibu."

— Huyo wa pili ana kisirani! Ni nani?

— Hajulikani. Ndiyo desturi. Halijui jina langu, silijui lake.

— Basi anatoka nchi ya huko juu mtoni. Makala ikitoka, itabidi wafungulie maji. Atakubali vipi?

— Wewe nawe! alidakia Rada, mwendesha riksho asiyepitwa na jambo. Hakuna mkaguzi hapo. Kuna kasuku, kama yule wa mpiga ramli sokoni. Mhariri anatandika bahasha, kasuku anadonoa.

— Kasuku angalau hulipwa mtama, alisema Khala. Huyo mkaguzi hulipwa nini?

— Halipwi kitu, alisema Profesa.

— Ndiyo maana kanuna.

Rada akasogea karibu, akashusha sauti.

— Sikia, Prof. Majina si yanafichwa? Wataalamu si wachache? Walikutumia makala yako mwenyewe, ukaiponda!

Profesa alicheka, kisha akaacha kucheka. Mwezi wa tatu alikagua makala moja haraka haraka, mkono mmoja ukiwa na singara, sambusa ya viazi. Aliiponda kweli. Ilihusu nini vile?

Hapo akaja kusimama mbele yao binti mmoja mwenye mkoba, mwanafunzi mgeni.

— Samahani, wajomba. Namtafuta Daktari Ashiquzzaman Mridha.

— Hapa hayupo, alisema Balozi. Jaribu duka la vitabu.

— Mridha? Rada akatikisa kichwa. Alihamia Dhaka huyo. Nilimpeleka stesheni mwenyewe.

Profesa akainua mkono polepole, kama mwanafunzi aliyechelewa darasani.

— Ni mimi.

Rada akapata kazi ya ghafla ya kupuliza chai iliyokwisha kupoa.

— Alhamdulillahi! alisema binti. Ofisini wameniambia uko na watu wa utafiti wako. Ndio hawa?

— Ndio. Huyu Balozi, huyu Rada. Miaka sita nawasikiliza.

— Wanaitwa nani hasa, mwalimu?

Profesa akafungua kinywa. Alijua jino la Balozi linalouma kukiwa na baridi. Alijua binti wa Rada hutapika kila asubuhi ya mtihani, na kwamba Rada humsubiri nje ya shule, riksho haichukui abiria. Majina yao? Akamtazama Khala. Khala akatazama birika.

— Mimi naitwa... alianza Rada.

— Funga mdomo! alisema Balozi. Mtihani ni wake.

Profesa akageuza barua upande mweupe, akatoa kalamu, akaishika hewani. Haikushuka.

Khala Jorina akaipindua birika. Likadondoka tone moja.

— Chai imekwisha. Kesho alfajiri mje na vitambulisho, nyote, mtie na saini kwenye jibu la huyo mkaguzi. Na wewe, Daktari Mridha, uje na chako.