Mwakilishi wa Vibanda Arobaini na Kimoja

Benchi la Mama Kahawa limeegemea ukuta wa duka la vyuma, na ukikaa hapo asubuhi kunyamaza ni kosa. Siku hiyo Fundi Soli, mshona viatu, alikaa pembeni na fomu magotini. Manispaa ilikuwa imefuta leseni za vibanda vyote vya uchochoro ule, arobaini na kimoja, na mwisho wa kupeleka lalamiko la pamoja kwenye baraza la rufaa ulikuwa leo, saa tisa alasiri. Soli alishona pale miaka kumi na tisa. Kibanda kikienda, hakujua ashike lipi. Afadhali sahihi zote zilishapatikana, na mwakilishi alikuwa Ibara, aliyebatizwa hivyo kwa kuwa hamalizi sentensi bila kutaja ibara ya sheria.

— Kesi ya kundi ni rahisi, alisema Ibara akipuliza kahawa. Ibara ya saba: sisi wote ni mtu mmoja. Akikohoa mmoja, tumekohoa wote.

— Basi akisinzia mmoja barazani, tumekoroma wote, alisema Mama Kahawa.

— Kisheria, ndiyo.

— Mimi nasikia kila mlalamikaji ana siku yake ya kusema, alidakia Kinyozi. Siku arobaini na moja. Watatuchoka, watupe haki yetu tuondoke. Mvumilivu hula mbivu.

— Hapo wanaovumilia si ni wao? aliuliza Mama Kahawa.

— Basi na wale hizo mbivu, watuachie vibanda, alijibu Kinyozi.

— Na mtoto akizaliwa uchochoroni kesi ikiendelea? aliuliza tena Mama Kahawa.

— Mlalamikaji wa arobaini na mbili, alisema Ibara bila kusita. Mtoto wa nyoka ni nyoka.

Soli alicheka mpaka fomu ikamdondoka. Aliwapenda watu hawa, pamoja na ujinga wao wote.

Aliyeiokota alikuwa dada mmoja aliyefuata viatu vyake, karani wa masjala ya baraza lenyewe. Aliisoma amesimama.

— Mmejaza vizuri. Ila mwakilishi lazima awe na lalamiko lilelile la wenzake. Huyu kaka Ibara, kibanda chake namba ngapi?

Kinyozi akamtazama Mama Kahawa, Mama Kahawa akamtazama Soli. Miaka sita Ibara alikuja pale kila asubuhi, na kila mmoja alidhani kibanda chake kiko upande ule mwingine.

— Sina, alisema Ibara. Nyumbani sina wa kuongea naye. Nilikuja kunywa kahawa, mkanifanya mwenzenu.

Soli alimwonea huruma, kisha akajionea aibu: miaka sita, na hakuwahi kumuuliza. Sahihi zote zilimtaja Ibara, kwa hiyo zote zilikuwa bure. Soli, anayeongea na viatu zaidi kuliko na watu, aliomba fomu mpya akaandika jina lake penye mwakilishi.

— Kusema nitasema mimi, ndugu yangu. Wewe utakaa nyuma yangu unikumbushe. Sasa inuka, tukabishe hodi vibanda vyote tena.

— Anzeni na mimi, alisema Mama Kahawa akifuta mikono. Dada, hapa penye hasara nitakayopata kibanda kikifungwa, naruhusiwa kumwandika Ibara?

Karani aliigeuza fomu mbele na nyuma, akaitafuta kanuni ya kumkataza, asiione.