Isaac Shivachi, Msusi wa Gatina

Marehemu Isaac Shivachi alizaliwa tarehe 14 Machi 1984 mtaani Lindi, Kibera. Alikuwa kifungua mimba wa Mama Rahab, aliyekuwa akisuka nywele mlangoni pake.

Alisoma shule ya msingi papo hapo Kibera, akamaliza darasa la nane mwaka wa 1999. Mwaka huo mama alipooza mkono wa kulia. Isaac ndiye aliyetusuka sisi dada zake tuende shule, kisha akawasuka wateja wa mama. Majirani walicheka. Hakuacha.

Mwaka wa 2006 alihamia Kawangware, akafungua saluni huko huko, sehemu ya Gatina. Baadhi ya wazee wametushauri tuandike kwamba alikuwa "mfanyabiashara". Tumekataa. Isaac alikuwa msusi. Wanaume walipomuuliza kwani kazi ya mjengo imeisha, aliwajibu, "Iko. Na mimi niko na yangu." Kuna siku walimvunjia kioo cha saluni. Kesho yake alifungua kama kawaida, akasuka bila kioo. Mteja akiuliza nywele zimetokea aje, alimwambia, "Niamini tu."

Tarehe 5 Desemba 2009 alifunga ndoa na Mutheu. Alipoenda kuposa Kitui, baba mkwe, Mzee Muia, alimuuliza, "Mwanaume gani hushinda akishika vichwa vya wanawake?"

Isaac akasema, "Yule ambaye wanawake wenyewe wanamwamini, mzee."

Mzee akaitisha chai. Leo yuko nasi hapa, ameketi mstari wa mbele.

Mei 2024 Isaac alipatikana na saratani ya tumbo. Wodini alilia kwa maumivu, na mgonjwa wa kitanda jirani akamwambia, "Jikaze, wewe ni mwanaume."

"Nimejikaza miaka arobaini, ndugu yangu. Leo inauma."

Akaendelea kulia. Baadaye yule mgonjwa naye alilia, wakashikana mikono. Isaac alituaga tarehe 9 Februari 2025, Mutheu akiwa kando yake.

Amemwacha mama yetu Rahab, mkewe Mutheu, binti zake Trizah na Mourine, mwanawe Musembi, ambaye tayari anajua kusuka, na sisi dada zake.

Aliomba jeneza lake libebwe na mkewe na dada zake. Tutalibeba. Asiyependezwa asimame kando, tupite.

Kaka yetu, lala kwa amani.